Msimu wa 2020 ulipokatwa: wanaume walipata bingwa, mabinti zetu walipata nini?

KipaMstaafu

Wakuu, salaam kwenu nyote.

Kule kwenye uzi wa usajili watu wanachuana nani mkubwa kati ya Kampala Queens na Kawempe Muslim kwenye ligi ya soka ya wanawake Uganda, wanahesabu mataji kwa vidole. Hesabu hizo zina pengo ambalo hakuna anayeligusa. UCU Lady Cardinals walichukua ubingwa 2019. Lady Doves ya Masindi wakachukua 2021. Msimu wa 2019/20 uliokuwa katikati hauna bingwa. Korona iliukata, ukaachwa hapo hapo.

Mtasema ligi zote zilikatwa. Ndiyo, lakini hazikukatwa sawa. Ya wanaume ilisimama Vipers wakiwa wamecheza mechi 25 kati ya 30, wakiwa mbele ya KCCA kwa pointi nne. Mei 2020 FUFA, yaani chama cha soka cha Uganda, wakafungua kanuni, wakaona robo tatu ya mechi imeshapita, Vipers wakapewa ubingwa mezani na timu tatu za mkiani zikashushwa. Aliyefurahi alifurahi, aliyenuna alinuna, ila kila mtu alijua msimu wake umeishia wapi. Mabinti waliotoka jasho tangu msimu uanze hawakuwa na cha kujua. Mabao yao, kadi zao, safari za usiku kwenye matatu kutoka Soroti hadi Kampala, vyote vikawa kama havikutokea.

Nataka tuzungumze kwa nini, kwa sababu naamini korona ilikuwa kisingizio cha juu tu. Chini yake kuna jambo ambalo bado lipo.

Tazameni tarehe. Machi 18, 2020 Rais Museveni alitangaza shule zifungwe. Ijumaa tarehe 20 zikafungwa. Mgonjwa wa kwanza wa Uganda alithibitishwa siku iliyofuata, tarehe 21. Usafiri wa umma ukapigwa marufuku siku chache baadaye, na mwisho wa mwezi nchi nzima ikafungiwa ndani. Maana yake shule zilitangulia marufuku ya usafiri na kufungiwa kwa nchi nzima. Sasa jiulizeni timu za wanawake zilikuwa wapi. Kawempe Muslim ni shule ya sekondari. Uganda Martyrs ya Lubaga ni shule. Olila ya Soroti ni shule. UCU ya Mukono na Muteesa I Royal ni vyuo vikuu. Geti la shule lilipofungwa, timu ilifungwa nalo.

Wakati huo nilikuwa nafundisha makipa kwenye timu ya shule moja huku mashariki, shule yenyewe sitaitaja. Ijumaa ile wasichana walipewa saa chache kufungasha magodoro na masanduku. Jezi, mipira, glovu na njumu za timu zilikuwa stoo, na ufunguo wa stoo alikuwa nao mwalimu wa michezo ambaye alishawahi basi la kwenda kwao. Golikipa wangu wa kwanza, mtoto wa Senior Four (kidato cha nne) mwenye mikono kama koleo, aliondoka na ndala. Glovu zake zilibaki gizani humo hadi panya wakazitafuna. Kwenye simu yangu nilikuwa na namba ya mjomba wake tu, na namba hiyo ilikuwa haipatikani.

Klabu ya wanaume ilimtumia mchezaji wake ratiba ya mazoezi kwa simu na kiasi kidogo cha posho. Sisi hatukuwa hata na orodha ya vijiji ambako wachezaji wetu wanatoka.

Naomba michango. Hasa mliocheza au mliokuwa na mabinti kwenye timu.

FundiTakwimu

Dada Kipa, asante kwa uzi huu. Niongeze upande wa kanuni, maana watu wengi wanadhani FUFA waliamua tu kuwapendelea wanaume. Kanuni ya robo tatu ilikuwepo kabla ya korona, na inasema wazi: ukivuka robo tatu, msimamo wa ligi unasimama kama ulivyo, usipovuka, msimu unafutwa.

Tatizo ni kwamba kanuni hiyo inapima ligi mbili zisizofanana. Ligi ya timu 16 ina mechi 30 kwa kila timu, inachezwa Jumanne, Ijumaa, Jumamosi, inasonga mbele bila kusimama. Chukua ligi ya timu nane: mechi 14 tu, robo tatu yake ni mechi 11. Ukiwa umemaliza mzunguko wa kwanza umecheza saba, yaani nusu kamili. Na ligi ya wanawake haiwezi kwenda mbio kwa sababu inafuata kengele ya shule. Mitihani ikianza inasimama. Likizo ikifika inasimama. Mashindano ya shule za sekondari yakija, wachezaji wale wale wanavuliwa jezi ya klabu na kuvalishwa ya shule. Kwa hiyo Machi inapofika, wanaume wamebakiza mechi tano, wanawake hawajafika mbali. Kanuni haijamtaja mwanamke popote, lakini yeye ndiye inayemkamata.

Kulikuwa na njia nyingine. England ligi ya wanawake nayo ilikatwa msimu huo huo. Manchester City walikuwa juu na pointi 40 kwa mechi 16, Chelsea wana 39 kwa mechi 15. Wakagawanya pointi kwa mechi, Chelsea wakapata 2.6, City 2.5, kombe likaenda Chelsea. Liverpool wakashuka daraja kwa hesabu hiyo hiyo. Inauma, lakini kila klabu iliandikwa mahali. Ujerumani walirudi uwanjani mwishoni mwa Mei wakamaliza. Sisemi Uganda tungeweza kufanya ya Ujerumani. Kugawanya pointi kwa mechi, hata hivyo, hakuhitaji uwanja wala vipimo, kunahitaji kalamu.

MwalimuWaMichezo

Nimesoma kwa makini na kuna mahali sikubaliani, dada Kipa, pamoja na heshima zote.

Unaizungumzia shule kama mzigo. Mimi nimekuwa mwalimu wa michezo miaka mingi na nakwambia bila shule hakuna ligi ya wanawake Uganda hii. Ligi hii ya kitaifa ilipoanza mwaka 2014, nani mwingine alikuwa tayari kulisha wasichana 25? Tajiri gani wa mjini? Klabu kubwa za wanaume zilikuwa zinatazama pembeni. Mwalimu mkuu ndiye aliyekubali kufuta karo ya mtoto maskini kwa sababu anajua kupiga mpira. Shule ina bweni, ina matroni, ina nesi, ina posho, yaani ugali, na maharage kila siku hata kama ni yale yale. Mzazi wa Kiislamu wa Kawempe au mzazi wa kijijini Teso anamruhusu binti yake kwa sababu anajua yuko shuleni. Mwambie anakwenda kukaa hosteli ya klabu mjini uone kama atakupa.

Hiyo stoo iliyofungwa nakubali ni uzembe, na ingeweza kurekebishwa kwa simu moja. Lakini usibomoe nyumba kwa sababu ya mlango.

MamaWawili_Malaba

Mimi si mjuzi wa kanuni, ni mzazi. Binti yangu mkubwa alikuwa winga wa kulia, alichukuliwa na shule moja ya mbali akiwa Senior Two. Hatukulipa karo. Hatukusaini karatasi yoyote pia. Kocha alikuja nyumbani, akanywa chai, akasema "mama, huyu ni mtoto wetu sasa." Nililia kwa furaha siku ile.

Shule zilipofungwa alirudi nyumbani akiwa na imani ni wiki mbili tatu. Alikuwa anaamka alfajiri kukimbia barabara ya reli kabla askari hawajaanza doria, akirudi anapiga mpira wa matambara kwenye ukuta wa ghala la mahindi la jirani mpaka jirani analalamika. Mwezi wa tano bado anafanya. Mwezi wa nane alipunguza. Oktoba walipofungulia madarasa ya mitihani yeye hakuwa darasa la mtihani, akabaki. Wakati huo nilikuwa sina kazi, mpaka umefungwa kwa abiria na mimi riziki yangu ni kuvusha bidhaa, kwa hiyo alianza kuuza nyanya na mimi. Mtu wa timu hakupiga simu hata siku moja. Silaumu, labda nao walikuwa na shida zao. Lakini ile "mtoto wetu" niliyoambiwa iliishia getini.

Aliolewa mwaka uliofuata. Ana watoto wawili sasa. Ninaye mdogo wake, ana miaka 13, na yeye anacheza. Ndiyo maana nimesoma uzi huu mpaka mwisho.

Shabiki_Tororo

Mama, pole sana. Huo ndio ukweli wa nyumba nyingi huku mpakani. Waliobeba mimba miezi ile hapa kwetu hata sitaki kuanza kuhesabu.

Kiungo8

Nilicheza msimu ule. Sitasema timu gani. Mnaongelea ubingwa, sisi wachezaji hatukuwaza ubingwa, tuliwaza chakula. Ufadhili wa karo hauliwi. Shule ikifungwa ule ufadhili hauna thamani ya kilo moja ya unga. Wavulana niliokua nao mtaani walikuwa na mikataba, midogo ndiyo, ya kucheleweshwa ndiyo, lakini wangeweza kwenda kudai. Mimi ningedai nini? Kwamba nirudishiwe bweni?

Na kitu kingine. Walipoanza kuruhusu michezo bila mashabiki mwishoni mwa 2020, ligi ya wanaume ilirudi Desemba. Wachezaji wanapimwa, wanakaa kambini, wanacheza. Kwetu shule zilikuwa zinafunguliwa vipande vipande, darasa hili leo, lile mwezi ujao. Mnapangaje kikosi cha kwanza wakati beki wako wa kati yuko Senior Three na Senior Three bado wako nyumbani?

Mwanza_Damu

Habari za huko ndugu zetu. Natoka ng'ambo ya ziwa, Mwanza, na nimeguswa.

Huku kwetu mpira ulisimama Machi, ukarudi Juni, ligi ya wanaume na ya wanawake zikamalizika. Simba Queens walichukua ubingwa wao wa kwanza msimu huo wa 2019/20, wakautetea miaka miwili iliyofuata. Naamini sehemu ya nguvu yao leo inatoka hapo: hawakupoteza mwaka. Agosti 2022 She Corporates walipokuja Dar kwenye mashindano ya kanda, Simba Queens waliwafunga 1-0 fainali pale Chamazi na kwenda Ligi ya Mabingwa Afrika. Timu ya Uganda haikucheza vibaya hata kidogo, ila nilijiuliza ingekuwaje kama wale dada wasingekuwa wametoka kwenye miaka miwili ya kukatwakatwa.

Kwa haki lazima nikumbushe kwamba Machi 2020 mlitufunga vibaya. Wasichana wenu wa chini ya miaka 17 walipoteza Dar 2-1, halafu mkatupiga 5-0 Kampala kwenye marudiano. Nini kiliwapata wale?

KipaMstaafu

Kaka wa Mwanza, asante kwa swali hilo, kwa sababu ndilo linaloniuma kuliko hata ligi.

Ile mechi ya 5-0 ilichezwa katikati ya Machi, siku chache kabla ya shule kufungwa. Tulikuwa tumebakiza hatua moja tu, mechi mbili na Cameroon, twende Kombe la Dunia la wasichana India. Wakati huo Uganda ilikuwa haijawahi kwenda Kombe lolote la Dunia la FIFA, wakubwa wala wadogo. Mechi hizo zikaahirishwa, zikaahirishwa tena, na Novemba 2020 FIFA wakafuta mashindano yote. Mtoto wa miaka 17 huwezi kumwambia asubiri mwakani, mwakani ana miaka 18.

Mwaka huo huo, Juni 30, CAF, shirikisho la soka la Afrika, walifuta Kombe la Afrika la wanawake, na siku hiyo hiyo wakapitisha Ligi ya Mabingwa ya wanawake. Mlango mmoja ukafungwa, mwingine ukafunguliwa, lakini kuingia huo uliofunguliwa unahitaji bingwa wa ligi iliyomalizika. Mnaona namna mambo yanavyofungana.

Kizazi kile hakikufa chote. Juliet Nalukenge wa Kawempe alikwenda Apollon kule Cyprus, Fauzia Najjemba aliyetoka Isra akaenda kucheza Kazakhstan. Najivunia sana. Lakini hao ni wale ambao majina yao yalishafika kwa mawakala kabla nchi haijafungwa. Beki wa akiba wa timu ya saba kwenye msimamo hakuwa na wakala, alikuwa na mwalimu wa michezo tu.

Mwalimu, narudi kwako. Sijasema shule ni mzigo. Mimi mwenyewe nimelelewa na shule, na nimekula hayo maharage. Ninachosema ni kwamba shule ilibeba kila kitu peke yake: karo, chakula, kitanda, kocha, jezi, usajili, hata mawasiliano. Ikiondoka, vyote vinaondoka kwa mpigo. Klabu inatakiwa iwe na uhai wake nje ya geti, hata kama wachezaji wanalala ndani ya geti.

Mhasibu_wa_Mtaa

Naomba niguse pesa kidogo, kwa adabu na bila kumshutumu mtu.

Julai 2020 FIFA walitoa utaratibu wa msaada wa korona: kila chama cha soka cha taifa dola milioni 1, na juu yake dola 500,000 zilizotengwa kwa ajili ya soka la wanawake peke yake. Hicho si kiasi kidogo kwa ligi yetu.

Lakini fikirieni njia inayopita pesa yoyote ya namna hiyo. Inatoka juu, inafika kwa chama, inashuka kwa klabu. Sasa klabu ikiwa ni shule, akaunti ni ya shule. Mwaka ule shule binafsi zilikuwa zinazama, walimu hawalipwi, benki zinadai mikopo ya majengo. Hata mwenye shule akiwa mcha Mungu, pesa ikiingia hapo inakutana na madeni kabla ya kukutana na mshambuliaji aliyeko kijijini Kumi. Mchezaji hana akaunti kwenye orodha, hana hata laini ya simu iliyosajiliwa kwa jina lake kwa sababu hajatimiza miaka 18. Ndiyo maana namuunga mkono dada Kipa. Mchezaji akiwa na karatasi na namba ya mzazi kwenye faili la chama, unaweza kumtumia mzazi wake shilingi 50,000 kwa simu jioni hiyo hiyo. Bila karatasi, hata mwenye nia njema hana pa kuituma.

Shabiki_Tororo

Nakazia hapo kwenye namba ya mzazi. Kitu kidogo namna hiyo kingembadilishia yule binti wa Malaba maisha.

MwalimuWaMichezo

Nimewasikia. Na mama wa Malaba, niliposoma maneno yako nilinyamaza kwa muda, kwa sababu na mimi nimewahi kunywa chai kwenye sebule kama yako.

Nakubali karatasi. Nakubali namba za wazazi. Bado nina hofu na hii lugha ya mikataba kwa watoto. Mtoto wa miaka 15 ukimwekea mkataba wa klabu, keshokutwa atatokea mtu mwenye gari zuri kumnunua, amtoe shule katikati ya muhula, akiumia goti amwache. Hilo nimeliona kwa wavulana. Shule angalau, goti likiharibika, mtoto anaendelea kusoma na anamaliza Senior Six yake. Kwa hiyo mimi ningependa makubaliano ya pande tatu, mzazi, shule na klabu, yenye sharti kwamba mtoto akiacha kucheza kwa jeraha karo haiguswi. Hilo likiwa kwenye maandishi, shule ikifungwa kwa sababu yoyote, klabu inajua inadaiwa nini na mzazi.

FundiTakwimu

Mwalimu, umelisema vizuri kuliko kanuni yenyewe. Na tusisahau haikutokea mara moja. Juni 2021 shule zilifungwa tena, nchi ikafungwa tena kwa siku 42, na klabu ya Express wakapewa ubingwa wa wanaume kabla mechi zote hazijachezwa. Shule zilikuja kufunguliwa kikamilifu Januari 10, 2022. Karibu miaka miwili kamili, hakuna nchi duniani iliyofunga shule kwa muda mrefu kama sisi. Ligi iliyojengwa juu ya shule kwenye nchi hiyo ilikuwa imesimama juu ya mchanga.

Na haihitaji korona. Ebola ilipoingia Mubende na Kassanda mwaka 2022, wilaya mbili ziliwekewa karantini na serikali ikafunga muhula wa shule mapema nchi nzima. Hili litajirudia.

KipaMstaafu

Ebola ni mfano mzuri, nashukuru umeukumbuka.

Niseme na yaliyobadilika, nisije nikaonekana naona giza tu. Baada ya Lady Doves, ubingwa ulikwenda She Corporates 2022, Kampala Queens 2023, Kawempe 2024, kisha Kampala Queens tena 2025. She Corporates na Kampala Queens si shule. Wana wachezaji waliomaliza masomo, wengine wana kazi zao, na bweni si la mwalimu mkuu yeyote. CAF nao wanazitaka klabu za wanaume zinazocheza mashindano ya Afrika ziwe na timu za wanawake. Mwaka 2022 Crested Cranes, timu yetu ya taifa ya wanawake, walicheza Kombe la Afrika Morocco, mara ya kwanza tangu 2000. Tulifungwa na Senegal na Morocco, tukatoka sare 2-2 na Burkina Faso, tukarudi nyumbani, lakini tulikuwepo.

Ila ukishuka daraja la pili na la tatu, hali ni ile ile ya 2020. Mwezi uliopita nilikwenda kutazama mechi ya wasichana huku kwetu. Kocha alikuwa na daftari la kurasa 48, majina ya wachezaji upande mmoja, hesabu ya maji ya kunywa upande mwingine. Nikamuuliza namba za wazazi ziko wapi. Akanionyesha simu yake, ina namba sita kati ya wachezaji 22. Ni kijana mwenye moyo, analipa boda ya watoto kwa mfuko wake. Tulikaa chini ya mwembe tukaanza kuwaita mmoja mmoja waandike: jina, kijiji, parokia (ile ya kiserikali, si ya kanisa), namba ya mama, namba ya jirani. Wachezaji wanne hawakuwa na namba yoyote ya mtu wa nyumbani kichwani. Tuliwapa kazi ya kuzileta Jumatatu, na watatu walileta.

Kwenye suala la mikataba, mwalimu, makubaliano ya pande tatu nayakubali kabisa. Tofauti yetu imebaki moja: mimi nataka chama kiyafanye sharti la usajili, bila karatasi mchezaji hasajiliwi, wewe nadhani ungependa iwe hiari.

MwalimuWaMichezo

Ningependa ianze kwa hiari mwaka mmoja, kwa sababu shule za vijijini zikiona masharti zitajitoa na wasichana ndio watakaokosa. Ukiniahidi chama kitatoa fomu moja fupi, ya bure, kwa Kiswahili, Kiganda, Kiteso na lugha nyingine za huko, nitahamia upande wako.

KipaMstaafu

Siwezi kukuahidi kwa niaba ya chama. Fomu nitaiandika mimi rasimu yake, na wewe utanisahihisha. Tuiweke hapa hapa wakuu waione.

Kiungo8

Mkiandika hiyo fomu wekeni sehemu ya vifaa. Njumu na glovu za mchezaji ziandikwe kwa jina lake, aende nazo likizo. Mimi nilikaa miezi bila kugusa mpira wa kweli wakati mipira 12 ilikuwa kwenye stoo ninayoijua kwa rangi ya mlango.

MamaWawili_Malaba

Samahani kurudi na swali la nyumbani. Huyu mdogo amefuatwa na watu wa shule wiki iliyopita. Safari hii nimewaambia wasubiri nijibu. Niulize nini? Sitaki kuonekana sina shukrani, na mtoto anataka sana kwenda.

KipaMstaafu

Mama, kuuliza si kukosa shukrani, na shule nzuri haitachukia. Mpokee kocha kwa chai kama kawaida, halafu waambie unataka kumwona mwalimu mkuu mwenyewe, si kocha peke yake, kwa sababu makocha wanahama. Uliza karo inafutwa yote au nusu, na kama inajumuisha sare, kitanda na ada ya mtihani wa taifa wa UNEB, maana hapo ndipo wazazi wengi wanashtukizwa Senior Four. Uliza akivunjika mguu masomo yanaendelea au yanakoma. Uliza nani anampeleka hospitali na nani analipa. Na uliza moja kwa moja: shule ikifungwa ghafla, nani ananipigia simu, na mtoto anafikaje nyumbani? Majibu yaandikwe, wasaini, ubaki na nakala. Omba namba ya matroni pia, yeye ndiye atakayejua mtoto hajala kabla kocha hajajua.

Kama wako tayari kukuandikia, mpe mtoto baraka aende. Kama wanasema "tuamini tu", mngoje atakayeandika, ana miaka 13, muda anao. Niambie ni shule ya wilaya gani, kwa ujumbe wa faragha usiiweke hapa, nina wenzangu niliocheza nao karibu kila upande wa mashariki na wanaweza kwenda kuangalia hilo bweni.

MamaWawili_Malaba

Nimekutumia ujumbe. Wanakuja Jumamosi.